Chokaa, saruji au dawa ya kuzuia maji: ulinganisho kwa mwenye nyumba ya mawe ya pwani

Mwenye nyumba ya mawe katika Mji Mkongwe wa Zanzibar, Lamu, Mji wa Kale wa Mombasa, Pangani au Bagamoyo hakosi kufikiwa na fundi au muuzaji anayemwahidi kitu kitakachoufanya ukuta wake usizeeke tena. Ahadi hiyo huja katika mfuko wa saruji, katika debe la rangi ya kuzuia maji, au katika mpango wa kung'oa boriti zote na kumwaga zege la nondo mahali pake. Upande wa pili ipo chokaa, ambayo haimwahidi mtu kudumu milele na ambayo kila baada ya miaka kadhaa hudai kurudiwa. Makala haya yanazilinganisha njia hizo kwa ajili ya mtu ambaye fedha anazo kiasi, nyumba anayo, na uamuzi hajaufanya.

Hakuna dawa wala mtambo uliowahi kusimamisha umri wa jengo. Kinachobaki mikononi mwa mwenye nyumba ni kuchagua sehemu gani ya jengo iliwe kwanza na muda, na msimamo wangu juu ya hilo nauweka wazi mapema: katika nyumba iliyojengwa kwa mawe ya matumbawe, kinachopaswa kuliwa ni lipu, ili ukuta ubaki. Njia yoyote inayogeuza utaratibu huo, ikaifanya lipu ibaki na ukuta uliwe, ni hasara hata kama kwa miaka mitano ya mwanzo inapendeza kuliko nyingine zote.

Ukuta wenyewe ulivyo

Kuta za nyumba hizi zina unene wa nusu mita na zaidi, na ndani yake hamna matofali yaliyopangwa kwa safu. Kuna mawe ya matumbawe ya nchi kavu, mengi yakiwa hayajachongwa, yaliyoshindiliwa katika udongo wa kujengea ambao ni chokaa iliyochanganywa na udongo mwekundu, na mara nyingi udongo huo mwekundu ndio mwingi. Jiwe la matumbawe lina vitundu vingi vidogo, na misingi ya zamani haikuwekewa tabaka lolote la kuyazuia maji yasipande. Kwa hiyo maji ya ardhini hupanda ndani ya ukuta yakiwa yamebeba chumvi, mvua za masika na vuli huongeza mengine kutoka juu, na upepo wa baharini huleta chumvi yake kila siku. Ukuta wa namna hii haujawahi kuwa mkavu kabisa tangu siku ulipojengwa. Waliojenga walilijua jambo hilo, na badala ya kuyafungia maji nje waliuacha ukuta uyapokee na kuyatoa, yaani upumue.

Mfumo huo umekwisha kujaribiwa kwa muda mrefu kuliko jaribio lolote la maabara. Husuni Kubwa, jumba la masultani la Kilwa Kisiwani, ilijengwa mwanzoni mwa karne ya 14 kwa matumbawe na chokaa, takribani karne tano kabla ya Joseph Aspdin wa Leeds, Uingereza, kupata hataza ya saruji ya Portland mwaka 1824. Huko Gedi, mji wa kale uliobaki magofu karibu na Malindi, lipo kaburi lenye tarehe ya mwaka 802 wa Hijria, ambao ni sawa na 1399. Majengo haya yamesimama bila paa, katika mvua na jua na mizizi ya miti, kwa muda ambao hakuna mwenye nyumba angependa nyumba yake iachwe hivyo. Hayakubaki bila majeraha: magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara, yaliyoingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 1981, yaliwekwa katika orodha ya maeneo yaliyo hatarini mwaka 2004, na yaliondolewa humo mwaka 2014 baada ya kazi kubwa ya uhifadhi. Hata hivyo kuta zake zinatosha kumjibu anayedai kwamba chokaa ni kitu dhaifu kilichotumika kwa sababu tu hakikuwapo kingine.

Lipu ya chokaa na lipu ya saruji

Chokaa ya pwani hutokana na matumbawe yaleyale yanayojenga ukuta. Jiwe huchomwa tanuuni kwenye joto la nyuzi 900 hivi za Selsiasi mpaka litoe hewa ya kaboni dioksidi iliyomo ndani yake. Kinachobaki ni chokaa isiyozimwa, ambayo ikitiwa maji huchemka kwa nguvu na kuwa chokaa iliyozimwa. Ikishapakwa ukutani, huanza kuinyonya tena hewa ileile kidogo kidogo, na baada ya miezi na miaka hurudi kuwa jiwe la jinsi ileile lililoingia tanuuni. Ndiyo sababu lipu ya chokaa na ukuta wa matumbawe huenda pamoja: ugumu wao unakaribiana, hutanuka na kusinyaa bila kugombana, na mvuke wa maji hupita katika vyote viwili.

Saruji ni kitu cha asili nyingine. Huchomwa kwenye joto la nyuzi 1,450 hivi, hushika kwa saa chache baada ya kukutana na maji, na huwa ngumu kuliko jiwe la matumbawe lililo nyuma yake. Kwa nyumba mpya ya matofali ya saruji, kwa tangi la maji, kwa msingi unaomwagwa leo, sina neno baya la kusema juu yake, na anayejenga nyumba ya namna hiyo hana haja ya kuhangaika na chokaa ya tanuu. Ugumu huohuo unaoifaa nyumba mpya ndio unaoiumiza nyumba ya zamani.

Mambo huenda hivi. Ukuta wa matumbawe ukivikwa lipu ya saruji, maji yanayopanda kutoka ardhini hayapati tena njia ya kutokea, kwa kuwa saruji hupitisha mvuke kwa shida. Yakizuiwa chini, huendelea kupanda hadi yapate upenyo, na ndipo mwenye nyumba anapoona alama ya unyevu iliyokuwa kwenye kimo cha goti ikihamia kwenye kimo cha dirisha. Wakati huohuo lipu ngumu hupata nyufa nyembamba, kwa sababu nyumba ya mawe na udongo husogea kidogo kila majira na saruji haijui kusogea. Nyufa hizo huingiza maji ya mvua kwa wepesi na kuyatoa kwa uzito. Nyuma ya lipu, kwenye mpaka wa jiwe na saruji, chumvi iliyobebwa na maji hugeuka fuwele, na fuwele zikikua hukisukuma na kukivunja kile kilicho laini zaidi. Kilicho laini zaidi hapo ni ukuta.

Anayetaka kuliona kwa macho yake atafute ukuta wa zamani uliopigwa lipu ya saruji miaka kumi au zaidi iliyopita, augonge kwa kifundo cha kidole kuanzia sakafuni kwenda juu. Sehemu za chini zitatoa sauti tupu, kama mtungi. Akibandua kipande mahali palipo na sauti hiyo, uso wa nje ataukuta mzima, mgumu, pengine hata rangi haijabanduka. Akikigeuza, upande wa nyuma ataukuta umeshikwa na chembe za matumbawe na unga mweupe wa chumvi, na pale ukutani kilipotoka atakuta jiwe limekuwa unga kiasi cha kukwanguka kwa ukucha. Lipu imepona na ukuta umeliwa. Hilo ndilo jambo ambalo picha za kabla na baada ya ukarabati haziwezi kulionyesha, maana hupigwa wiki ambayo fundi anamaliza kazi.

Lipu ya chokaa huzeeka kwa namna inayoonekana mapema na inayoudhi. Sehemu ya chini ya ukuta huanza kutoa vumbi, kisha magamba, kisha vipande vidogo vinavyodondoka na kuchafua sakafu, na mgeni akiingia huona nyumba isiyotunzwa. Wengi hufikia hapo wakahukumu kwamba chokaa imeshindwa kazi. Mimi naona ndiyo iliyokuwa ikifanya kazi: chumvi imekuja mpaka usoni, imevunja lipu badala ya jiwe, na lipu hiyo inaweza kukwanguliwa kwa mwiko na kupigwa upya kwa gharama ya mchanga, chokaa na siku chache za fundi. Watu wa Djenné, nchini Mali, wanauelewa mpango huu vizuri kuliko wengi wetu. Msikiti wao mkuu wa udongo, uliojengwa upya mwaka 1907, hupakwa udongo mpya na wenyeji wa mji wenyewe katika kazi ya pamoja ya kila mwaka, na hakuna anayeuita msikiti huo mbovu kwa sababu unahitaji kupakwa.

Hata hivyo haifai kuisifu chokaa bila kutaja masharti yake, kwa sababu chokaa iliyofanywa ovyo huiharibia jina chokaa yote. Iliyozimwa haifai kutumiwa siku hiyohiyo. Huchujwa na kuachwa chini ya maji kwa majuma mengi, na mafundi wa zamani waliiacha kwa miezi, mpaka iwe laini isiyo na punje ambayo haijazimika, maana punje hiyo ikizimikia ukutani hulipuka na kuacha shimo. Mchanganyiko wa kawaida ni fungu moja la chokaa kwa matatu ya mchanga, na mchanga uwe wenye chembe kali za ukubwa tofauti, usiotoka pwani, kwa kuwa mchanga wa bahari huja na chumvi ileile tunayoikimbia. Ukuta hulowanishwa kabla ya kupigwa lipu. Tabaka moja halizidi sentimita moja au zaidi kidogo. Mashimo makubwa hujazwa kwanza kwa vijiwe vya matumbawe vilivyopachikwa ndani ya udongo wa kujengea, wala hayajazwi kwa lipu nene, ambayo haikosi kupasuka. Kati ya tabaka na tabaka husubiriwa siku kadhaa, na muda wote huo lipu inatakiwa iwe na unyevu na kivuli, jambo linalomaanisha magunia yaliyoloweshwa yaning'inizwe mbele ya ukuta. Majira mazuri ni baada ya masika, kuanzia Juni, ingawa kusi kikivuma kwa nguvu hukausha lipu upesi mno na magunia hulazimika kuloweshwa mara nyingi zaidi. Anayeizima chokaa avae miwani na glavu bila kujadiliana, kwa sababu tone moja la chokaa ya moto linaweza kumpofua mtu.

Saruji haimdai mtu haya yote. Fundi huchanganya asubuhi, hupiga ukuta mzima kabla ya magharibi, na baada ya wiki chache rangi hupakwa. Wepesi huo ni wa kweli na una thamani kwa mtu mwenye wapangaji wanaosubiri kuingia. Kinachofichwa na wepesi huo ni kwamba kuiondoa lipu ya saruji kwenye ukuta wa matumbawe ni kazi ya nyundo na tindo, na kila pigo hung'oa sehemu ya ukuta pamoja nayo. Chokaa husamehe kosa la fundi. Ikikosewa inaondolewa na kupigwa upya.

Lipo pia suala la mahali chokaa inapotoka, ambalo wapenzi wa majengo ya kale hulipita haraka mno. Tanuu ya kienyeji hula kuni nyingi, na pwani yetu haina misitu ya kuchezea. Matumbawe ya kuchoma yanatakiwa yawe ya nchi kavu, yaliyokufa maelfu ya miaka iliyopita; kuvunja mwamba ulio hai baharini ili kuokoa nyumba ni kubomoa mazalia ya samaki kwa ajili ya lipu. Kwa mwenye nyumba wa kawaida, chokaa ya mfuko inayotoka viwandani mara nyingi inatosha, mradi mfuko uwe mpya na haujapigwa na hewa, na mradi chokaa hiyo iloweshwe majini kwa muda kabla ya kutumiwa. Mfuko uliokaa dukani hadi ukawa na mabonge umekwisha kunyonya hewa, na nguvu yake ya kushika imepotea.

Mchanganyiko, rangi na dawa

Fundi mwenye busara akiona mwenye nyumba anasita hupendekeza njia ya kati, yaani kutia saruji kidogo ndani ya chokaa ili ishike upesi. Sishauri hilo kwa ukuta wa matumbawe. Saruji ikiwa kidogo sana, mchanganyiko hauwi na nguvu ya saruji wala subira ya chokaa, na hupasuka kwa urahisi; ikiwa nyingi ya kutosha kusaidia, umerudi kwenye lipu ngumu iliyoelezwa hapo juu. Anayehitaji chokaa ishike upesi zaidi, kwa mfano katika kona isiyopata hewa, anaweza kutia unga wa matofali ya udongo ya kuchoma, ambao huchanganyikana na chokaa na kuifanya ishike hata penye unyevu bila kuifunga.

Rangi za plastiki na dawa za kuzuia maji nazipa maneno machache kwa sababu hukumu yake ni nyepesi. Nyingi kati yake zimetengenezwa kwa kuta kavu, na juu ya ukuta ambao maji yake hutoka ardhini hufanya kama ilivyofanya saruji, tofauti ikiwa ni kwamba rangi huvimba malengelenge na kubanduka mapema, hivyo madhara yake ni madogo. Zile dawa zisizoonekana ambazo hupuliziwa ukutani huzuia matone ya mvua yasiingie, lakini chumvi iliyomo ndani husimama nyuma ya sehemu iliyotiwa dawa na kuisukuma itoke vipande vipande. Na tofauti na rangi, dawa iliyokwisha kuingia ndani ya jiwe haiondoleki. Kupaka chokaa nyepesi tabaka nne au tano, kila moja ikiwa nyembamba kama maziwa, ni rahisi, huua ukungu, na inaweza kurudiwa kila baada ya miaka miwili au mitatu. Wenye nyumba wengi wa pwani walikuwa na desturi ya kuifanya kazi hiyo kabla ya Idi.

Dari: boriti, zege la nondo au chuma

Lipu ikiharibika, nyumba huchakaa. Dari ikiharibika, nyumba huua. Kwa hiyo hapa uchaguzi ni mzito zaidi, na hapa pia ndipo ninapoona hoja za pande zote mbili zikisemwa vibaya.

Dari ya asili hubebwa na boriti za mikoko, zilizowekwa karibu karibu kutoka ukuta hadi ukuta. Urefu wa boriti ndio uliopanga upana wa vyumba vyetu, ambao kwa kawaida ni mita 2.5 hadi 3, ndiyo maana nyumba ya Lamu au ya Zanzibar ina vyumba virefu na vyembamba. Juu ya boriti hupangwa vipande vya matumbawe, na juu yake humwagwa zege la chokaa na kokoto lililopigwa kwa vibao kwa siku nyingi mpaka likaze. Mti wa mkoko mkavu ni mgumu na mchwa hawaupendi, na boriti iliyo kavu huishi muda mrefu sana. Kinachoiua ni ncha zake mbili zilizozikwa ndani ya ukuta, pale ukuta unapokuwa na maji. Kwa hiyo lipu ya saruji hurudi hapa kwa mlango wa nyuma: ukuta ulionyimwa pumzi huozesha ncha za boriti mahali ambapo hakuna jicho linalofika, wakati katikati ya chumba boriti inaonekana nzima na imepakwa rangi vizuri.

Wanaopinga zege la nondo husema ni zito mno kwa kuta za zamani. Hesabu haiungi mkono kauli hiyo moja kwa moja. Zege la nondo lina uzito wa kilo 2,400 hivi kwa mita ya ujazo, kwa hiyo dari ya unene wa sentimita 15 ina uzito wa kilo 360 kwa mita ya mraba. Dari ya chokaa ya sentimita 30, hata ukiikadiria kwa kilo 1,700 tu kwa mita ya ujazo, inafikia kilo 510. Tatizo la zege liko kwingine. Ili likae, fundi hukata mfereji kuzunguka ukuta mzima, na ukuta wa mawe yasiyochongwa ukikatwa mfereji hupoteza mshikamano wake. Likishakaa, huwa bamba moja gumu lisilokubali kusogea pamoja na kuta zinazolibeba. Tena nondo zake zimo katika hewa ya bahari: chumvi ikizifikia hupata kutu, kutu huhitaji nafasi zaidi ya maradufu ya chuma kilichokuwapo, na zege hupasuka kutoka ndani na kudondosha vipande vya chini. Boriti iliyooza hubadilishwa moja moja. Bamba la zege lililooza nondo halibadilishwi kipande.

Hata hivyo boriti nzuri hazipatikani kwa urahisi kama zamani, na serikali za Kenya na Zanzibar zina kila haki ya kubana ukataji wa mikoko, kwa kuwa mikoko hiyohiyo ndiyo inayozuia bahari isile ufukwe. Hata Kilwa Kisiwani upandaji wa mikoko ulikuwa sehemu ya kuyanusuru magofu. Mwenye nyumba asiyepata boriti halali namshauri achukue mbao ngumu zilizopasuliwa na kukaushwa vizuri, zikae katika matundu yaleyale ya boriti, na ncha zake ziachiwe nafasi ya hewa pande zote badala ya kuzibwa kwa udongo. Mihimili ya chuma ni chaguo la tatu, na inafaa pale tu inapoweza kufikiwa na kupakwa rangi ya kuzuia kutu mara kwa mara. Chuma kilichofungiwa ndani ya ukuta wenye chumvi ni deni ambalo watoto ndio watakaolilipa. Chooni na bafuni, ambako maji humwagika kila siku, nakubali zege dogo lililotengwa na kuta za zamani na lenye njia yake ya maji, na kwa kweli hapo saruji ina faida kuliko chokaa.

Njia yoyote itakayochaguliwa, dari haiguswi kabla ya kuta na sakafu kuegemezwa kwa magogo au mabomba ya muda, wala boriti hazitolewi nyingi kwa pamoja. Beit al-Ajaib, jumba lililojengwa mwaka 1883 wakati wa Sultan Barghash, liliporomoka sehemu yake tarehe 25 Desemba 2020 likiwa katikati ya ukarabati, na watu wawili wakapoteza maisha. Uzito uliomo katika kuta hizi hauonekani mpaka unaposhuka, na kipindi cha ukarabati ni kipindi cha hatari hata kwa jengo lililovumilia zaidi ya karne nzima.

Gharama, na nani anayekaa ndani

Bei za mifuko na siku za fundi hubadilika kutoka mji hadi mji, kwa hiyo nitasema namna ya kuzilinganisha. Mwenye nyumba asiulize lipu ya chokaa na ya saruji zitamgharimu kiasi gani mwaka huu pekee. Aulize zitamgharimu kiasi gani kwa miaka 30. Upande wa chokaa ataandika kazi ya mwanzo iliyo ghali kidogo na ya polepole, kupaka kila baada ya miaka miwili au mitatu, na kurudia lipu ya sehemu ya chini mara kadhaa. Upande wa saruji ataandika kazi ya mwanzo iliyo nafuu, kimya cha miaka, kisha kubandua lipu, kuziba mawe yaliyooza na kubadilisha ncha za boriti, kazi ambazo huja kwa pamoja na kwa kawaida huja wakati hazikupangiwa fedha.

Hesabu hiyo hubadilika kulingana na anayeishi ndani. Nyumba nyingi za Mji Mkongwe zilitaifishwa baada ya mapinduzi ya 1964 na kugawanywa kwa wapangaji, nyingine ni za wakfu, nyingine ni za warithi waliotawanyika kati ya Unguja, Maskati na London. Chokaa inataka mtu wa kuitazama kila mwaka, na nyumba isiyo na mtu huyo haitapata faida yake yote. Hapo wengi huhitimisha kwamba afadhali saruji, kwa kuwa haitaki kutazamwa. Naona kinyume chake: nyumba isiyotazamwa ndiyo iliyo hatarini zaidi ikivikwa saruji, kwa sababu saruji huficha ugonjwa mpaka siku ukuta unapojaa maji, ilhali chokaa inayodondoka huonekana hata na mpangaji anayepita na kapu la sokoni, naye anaweza kupiga simu. Warithi wasiokaa pamoja waweke mchango mdogo wa kila mwaka na fundi mmoja anayeijua nyumba.

Fundi huyo ndiye sehemu ngumu ya ununuzi wote. Mafundi wa saruji wapo kila mtaa. Waashi wa chokaa ni wachache na wengi ni wazee. Kabla ya kumpa mtu kazi, aulizwe chokaa yake imelala majini kwa muda gani na mchanga wake unatoka wapi, kisha aonyeshe ukuta aliouacha miaka mitano iliyopita. Katika Mji Mkongwe kibali huombwa kwa Mamlaka ya Hifadhi na Uendelezaji wa Mji Mkongwe, iliyoanzishwa mwaka 1985, na Lamu huanzia katika ofisi ya Makumbusho ya Taifa ya Kenya; ofisi hizo ziulizwe pia juu ya mafundi waliofanya kazi zinazoonekana.

Aliye na fedha za jambo moja tu mwaka huu aziweke kwenye paa na mifereji ya maji ya mvua, kabla ya lipu ya aina yoyote, kwa sababu bomba moja lililoziba linalomwaga maji ukutani kwa masika mawili huharibu zaidi ya chaguo baya la lipu. Aliyekwisha kupigwa saruji asiibandue yote kwa hasira. Agonge ukuta, aondoe palipo na sauti tupu tu, aanzie chini kabisa hadi juu ya alama ya unyevu, auache ukuta wazi kwa kiangazi kizima uteme maji na chumvi, aifagie chumvi hiyo ikiwa kavu na kuitoa nje ya nyumba, ndipo apige chokaa. Palipo imara na saruji imeshika pabaki kama palivyo mpaka pajiachie penyewe.